Filamu za Maendeleo na Kiambishi Kilichokosekana: Maoni kutoka Muheza

Majarida yetu ya Kiswahili yamejadili riwaya, tamthilia, ushairi, methali na majigambo, na siku hizi hata maandishi ya kanga na ya vyombo vya usafiri. Filamu ya hali halisi, yaani ile inayodai kuwaonyesha watu na kazi zao kama zilivyo, haijapata katika kurasa hizo nafasi inayolingana na uzito wake. Wanahistoria wameishughulikia, wakichunguza ni nani aliyeigharimia na kwa nini. Wataalamu wa mawasiliano nao wameishughulikia, wakipima iwapo mkulima aliyeitazama aliielewa. Aliyebaki nje ni mtaalamu wa Kiswahili, ilhali katika nchi yetu filamu nyingi za aina hiyo zilifafanuliwa kwa Kiswahili, na zilitungwa ili zisikike kama zilivyotungwa ili zionekane.

Rai ya makala haya ni kwamba filamu za maendeleo zilizopigwa Tanganyika na baadaye Tanzania ni matini za Kiswahili, na kwamba tukizisoma kama matini tutagundua kuwa kilichohifadhiwa humo ni kumbukumbu ya ahadi kuliko kumbukumbu ya maendeleo yenyewe. Hilo halizipunguzii thamani. Ahadi ni sehemu ya historia. Lakini kumbukumbu ya ahadi haijatimia mpaka walioahidiwa nao wameweka maneno yao kando ya maneno ya msimulizi, na muda wa kufanya kazi hiyo unazidi kuwa mfupi.

Tunaitazama hoja hii tukiwa Muheza, na uchaguzi huo si wa bahati nasibu. Ujenzi wa reli ya Usambara, iliyokuwa ya kwanza katika eneo ambalo leo ni Tanzania Bara, ulianza Tanga mwaka 1893, na mwaka 1896 reli ikafika Muheza. Katika mwaka huohuo wa 1893 Richard Hindorf aliingiza mkonge kutoka Florida. Kati ya miche 1,000 iliyosafirishwa ilisalimika 62 tu, nayo ikawa chanzo cha mashamba yaliyotanda baadaye kutoka Pangani hadi Korogwe na kwingineko. Mwaka 1902 Wajerumani walianzisha huko Amani, juu ya milima inayoutazama mji wa Muheza, taasisi ya utafiti wa mimea na kilimo. Basi reli, shamba la biashara na maabara, vitu vitatu ambavyo kila mhubiri wa usasa huvitaja, vilifika katika wilaya moja ndani ya miaka isiyozidi kumi. Mahali palipoguswa mapema hivyo ndipo panapofaa kuulizwa usasa ulisimuliwaje.

Na kamera haikukawia mbali. Mwaka 1935 ulianzishwa Vugiri, katika milima ya Usambara juu ya Korogwe, pasipofika kilometa 100 kutoka Muheza, mradi ulioitwa Bantu Educational Kinema Experiment, yaani Jaribio la Sinema ya Elimu kwa Wabantu. Mradi ulidhaminiwa na Baraza la Kimataifa la Misheni, na fedha zake zilitoka hasa katika Shirika la Carnegie la New York. Kabla ya kufungwa mwaka 1937 ulikuwa umetengeneza filamu 35 fupi kuhusu kilimo, afya, kodi, akiba ya fedha na mambo mengine ya namna hiyo, nazo zilizungushwa na gari la sinema Tanganyika, Kenya, Uganda, na kusini hadi Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini. L. A. Notcutt, aliyesimamia upigaji wa picha, alikuwa amewahi kuwa meneja wa mashamba ya mkonge katika Afrika Mashariki, na wazo la sinema lilimjia huko, alipofikiria njia ya kuwafanya wafanyakazi waridhike na kubaki shambani. Msomaji asiipite habari hii haraka. Sinema ya elimu katika sehemu yetu hii ya dunia ilizaliwa karibu na mkonge, na swali lake la kwanza halikuwa namna ya kumwelimisha mtu, bali namna ya kumtuliza.

Jambo linalotuhusu zaidi sisi wa Kiswahili ni ufundi uliotumika. Picha zilikuwa katika filamu ya milimita 16 isiyobeba sauti. Maneno yalirekodiwa mbali, katika santuri, ili filamu moja iweze kusikika kwa lugha hii leo na kwa lugha nyingine kesho, kila gari lilipovuka mpaka. Mpango huo ulikuwa wa busara kwa mtu mwenye fedha haba. Matokeo yake kwa mtafiti ni mazito. Tangu siku ya kwanza, sauti na picha havikuwa kitu kimoja: mtu aliyepigwa picha akilima Usambara aliweza kusemewa kwa lugha yoyote, na msemaji wake asiwe amewahi kumwona. Kati ya filamu zile 35, zinazojulikana kuwa zimebaki ni tatu, nazo zimo katika hazina ya Taasisi ya Filamu ya Uingereza: moja inahusu safura, ya pili mafunzo ya utabibu wa mifugo, ya tatu mashamba ya wakulima wa Kingolwira. Ikumbukwe kwamba Kamati ya Lugha iliyosanifisha Kiswahili ilianza kazi mwaka 1930, miaka mitano tu kabla ya Vugiri. Santuri zile zilikuwa miongoni mwa vyombo vya mwanzo vilivyokibeba Kiswahili kwa sauti ya mashine mpaka vijijini. Mwanaisimu angetoa mengi ili asikie lafudhi ya msimulizi wake: je, ilikuwa ya Unguja kama Kamati ilivyotaka, au mlikuwamo Kimtang'ata ndani yake?

Tuingie sasa katika sarufi, maana hapo ndipo penye hoja yetu. Msimulizi wa filamu ya maendeleo, awe wa serikali ya kikoloni, wa wizara baada ya Uhuru, au wa mradi wa wafadhili, ana namna yake ya kutumia kitenzi. Tutoe mfano, nao tumeutunga wenyewe ili tusimsingizie mtu: "Shamba limepanuliwa. Korona mpya imefungwa. Wafanyakazi wanajengewa nyumba bora, na watoto wao watapata shule." Yeyote aliyewahi kukaa mbele ya filamu hizo, au mbele ya taarifa za habari zilizozirithi, ataitambua sauti hii. Vitenzi viwili vya kwanza viko katika kauli ya kutendwa, na mtenda hatajwi. Cha tatu kiko katika kauli ya kutendewa: wafanyakazi ndio kiima cha sentensi, wamekaa mahali pa mtenda, lakini hawatendi chochote, wanatendewa. Cha nne ni cha kutenda, ila kutenda kwenyewe ni kupata. Kwa hiyo wale ambao picha inawaonyesha wakiinama, wakikata majani, wakiyafunga na kuyabeba hadi kwenye toroli, katika sentensi hawafanyi kazi hata moja. Jicho linaona watendaji, sikio linasikia watendewa.

Tutazame pia viambishi vya wakati na hali. Msimulizi huyu ana -me- ya jambo lililotimia, ana -na- ya jambo linaloendelea, ana -ta- ya jambo lijalo, na anapowageukia watazamaji ana dhamira tegemezi ya kuhimiza: tupande, tuchimbe, tuchemshe maji. Kiambishi asichokuwa nacho ni -ka-. Wanafunzi wetu hufundishwa kwamba -ka- ni kiambishi cha masimulizi, kinachofungamanisha tukio na tukio lililolitangulia. Ndicho kiungo cha ngano, cha tenzi, na cha ushahidi mahakamani. Baada ya "korona mpya imefungwa" hakuna "ikafanya kazi miaka kumi, ikaharibika, ikakosa vipuri". Sentensi ya maendeleo imefungwa pande zote mbili. Haina kabla wala baadaye.

Mtu anaweza kutupinga hapa kwamba filamu nyingi za Vugiri zilikuwa na hadithi, na hadithi ya Kiswahili haiendi bila -ka-. Pingamizi ni la haki, na jibu lake ndilo linalotuthibitishia rai yetu. Chukua ile iliyohusu benki ya akiba ya posta. Mtu mmoja anafukia fedha zake ardhini na mwizi anazichimbua; mwenzake anaziweka posta na zinasalimika. Mfuatano wa sababu na matokeo umo, tena wazi. Lakini matokeo mabaya humpata mwanakijiji kwa sababu ya kosa la mwanakijiji. Hakuna filamu ya namna hiyo ambamo mpango wenyewe unakosea kisha matokeo yakafuata. Mjinga wa hadithi hupewa -ka- ya adhabu. Serikali, posta na shamba hupewa -me- ya utimilifu. Wala haiulizwi mshahara unaotakiwa kuwekwa benki ni kiasi gani, na kodi imekwisha kuchukua kiasi gani.

Tuweke kando ya mfano wetu wa kwanza mfano wa pili, nao wa kutunga, kwa sauti ya mkata mkonge wa zamani: "Tulianza kukata alfajiri, jua likatushinda, kazi haikwisha, nyapara akakataa kuandika siku." Anayeijua historia ya mashamba ataelewa. Mfanyakazi alikuwa na kipande cha siku 30 za kazi, na siku ilihesabiwa pale tu kazi aliyopimiwa ilipomalizika. Siku ya jasho isiyofikia kipimo haikuwa siku. Manamba walioletwa kutoka Kigoma, Songea, Ruanda-Urundi na kwingineko, kwa wingi zaidi baada ya wenye mashamba kuanzisha mwaka 1944 ofisi yao ya kuajiri iliyojulikana kama SILABU, waliishi ndani ya hesabu hiyo. Sentensi ile fupi ina watenda wanne: sisi, jua, kazi, na nyapara. Ina mgogoro. Ina historia kuliko dakika kumi za "limepanuliwa".

Baada ya Uhuru sauti ilibadilika, na ni wajibu wetu kulisema hilo kwa haki. "Ninyi" ya mkoloni ikawa "sisi". Rashidi Kawawa, aliyeigiza katika Muhogo Mchungu mwanzoni mwa miaka ya 1950 wakati serikali ya kikoloni ilipokuwa ikijaribu sinema ya Kiswahili, alikuwa Waziri Mkuu mwaka 1962. Sidhani kama zipo nchi nyingi ambazo uso wa filamu za mafunzo uligeuka kuwa uso wa dola kwa upesi huo. Mwaka 1968 ilianzishwa Kampuni ya Filamu Tanzania, na mwaka 1974, kwa msaada wa Denmark, Taasisi ya Picha na Sauti. Magari ya sinema ya wizara yalifika vijijini, na kwa watu wengi wa Tanzania Bara hiyo ilibaki kuwa njia pekee ya kuona taifa lao likitembea na kusema, kwa sababu televisheni haikuanza Bara hadi 1994, miaka zaidi ya ishirini baada ya Zanzibar. Hata hadithi za wakati huo, kama Fimbo ya Mnyonge ya katikati ya miaka ya 1970, ziliitumikia siasa ya vijiji vya Ujamaa.

Lakini "sisi" mpya haikuondoa kauli ya kutendewa. Mashamba ya mkonge yalitaifishwa mwaka 1967, na msimulizi akapata neno tamu la kumwita mkata mkonge: mwananchi, mwenye mali. Uzalishaji ambao mwaka 1964 ulipita tani 230,000 haukufika hata tani 30,000 mwishoni mwa miaka ya 1990. Kamba za plastiki zilikuwa zimeuvamia mkonge katika soko la dunia, bei ilikuwa imeanguka, na uendeshaji wa mashirika ya umma nao ulikuwa na sehemu yake katika lawama. Watu wa Muheza waliiona -ka- hiyo kwa macho: magugu yakayameza mashamba, makambi yakabaki na wazee wasio na nauli ya kurudi walikotoka baba zao, na chungwa likachukua mahali pa singa katika hesabu za nyumba nyingi. Filamu iliyopigwa shambani mwaka 1964 ingali inasema uzalishaji umepanda. Haisemi uongo. Imesimama tu pale ilipokoma.

Wapo wenzetu wanaosema kwamba, maadam filamu hizi ni propaganda, hazistahili kupotezewa muda na fedha. Wapo wengine, hasa maofisa wa sherehe, wanaozikata vipande na kuvionyesha kama ushahidi usiohitaji maelezo: hivi ndivyo tulivyoendelea. Makundi haya mawili yanapingana kwa sauti kubwa, lakini kosa lao ni moja, nalo ni kuamini kwamba filamu ina sauti moja tu, ya msimulizi. La kwanza linaichukia, la pili linaipenda. Sisi tunauliza habari za wale waliotazama moja kwa moja ndani ya kamera kwa nukta mbili kabla ya kuambiwa waendelee na kazi.

Kwamba inawezekana kufanya vingine, Flora M'mbugu-Schelling alikwisha kutuonyesha mwaka 1992 katika These Hands, filamu yake juu ya wanawake, wengi wao wakimbizi kutoka Msumbiji, wanaoponda mawe kuwa kokoto karibu na Dar es Salaam. Hakuna msimulizi anayetuambia tufikiri nini. Nyundo inagonga, jiwe linavunjika, mama anambembeleza mtoto, wimbo unaanza. Kauli ya kutendewa imenyang'anywa kinywa, na ghafla waliokuwa watendewa wanaonekana kuwa watenda. Ni filamu ya maendeleo kwa maana ya kweli kuliko nyingi zenye neno hilo katika anwani, kwa sababu mji unaojengwa kwa kokoto zile hauonekani, na mtazamaji analazimika kuujenga mwenyewe kichwani. Filamu ya Hubert Sauper ya 2004 kuhusu sangara wa Mwanza, Darwin's Nightmare, siiweki katika kundi hilo. Ilizusha hasira kubwa, na mwaka 2006 Rais Kikwete aliikemea hadharani. Hata hivyo, kwa maoni yangu, nayo ina mwamuzi aliyekwisha kuandika hukumu kabla ya mashahidi kuitwa, ingawa hukumu yake ni kinyume cha ile ya wizara.

Ulinganisho wenye manufaa zaidi unapatikana nje ya sinema, katika redio. Mwaka 1973 kampeni ya Mtu ni Afya iliwakusanya watu wazima wapatao milioni mbili katika vikundi vya kusikiliza. Walisikiliza kipindi, kisha wakakaa na kukijadili wakiwa na kitabu. Mazungumzo yalikuwa sehemu ya mpango, si ajali. Vivyo hivyo, katika miaka ya 1990, mradi uliofadhiliwa na Finland huko Mtwara na Lindi ulitumia video kuwawezesha wavuvi kulizungumzia suala la uvuvi wa baruti. Mifano hii inatuonyesha kwamba neno la mtazamaji si nyongeza ya anasa.

Sasa kuhusu muda. Filamu ya asetati ikiwekwa katika joto na unyevu huanza kuoza kwa kemikali zake yenyewe. Dalili ya kwanza ni harufu ya siki, na kuoza kukishaanza hakurudishwi nyuma, huweza tu kucheleweshwa kwa baridi. Pwani yetu ina joto na unyevu kwa wingi. Kampuni ya Filamu Tanzania haipo tena. Yaliyo katika makopo yanaoza huku sisi tukibishana kama ni propaganda. Na watu wanaoza upesi kuliko asetati, tuombe radhi kwa kusema hivyo. Aliyekuwa na umri wa miaka kumi gari la Vugiri lilipopita hayupo tena, au yupo mmoja katika maelfu. Aliyekuwa na miaka kumi na mitano mwaka 1970, akikaa chini mbele ya shuka jeupe lililofungwa kwenye miti, leo ni mtu wa miaka sabini hivi. Yupo Muheza, yupo Mkinga, yupo Pangani, na kumbukumbu yake ingali hai.

Kinachotakiwa si kigumu. Nakala za dijitali za filamu zilizobaki, za London na za Dar es Salaam, ziombwe na zirudishwe katika wilaya zilikopigwa na zilikoonyeshwa. Zionyeshwe kwanza bila sauti. Wazee wa makambi ya mkonge, wake kwa waume, waombwe kuzisimulia kwa Kiswahili chao, kwa Kibondei, kwa Kisambaa, au kwa lugha walizokuja nazo manamba, na masimulizi hayo yarekodiwe na kunakiliwa kikamilifu, pamoja na kicheko, ubishi na ukimya. Ndipo sauti ya msimulizi wa awali, pale ilipobaki, iwashwe na isikilizwe pamoja nao. Wanafunzi wa uzamili wanaohangaika kutafuta mada watapata hapo tasnifu za sintaksia, za lahaja, za fasihi simulizi na za tafsiri, bila kugombea tena riwaya zilezile tano. Wapo watakaosema kwamba kumbukumbu za wazee hukosea tarehe na huongeza chumvi. Ni kweli. Tarehe tutazitafuta katika majalada. Kwa wazee tunafuata namna sentensi inavyojengwa na yule aliyekuwa ndani ya picha.

Kuna sababu moja zaidi ya kuharakisha. Agosti 2017 liliwekwa Chongoleani, kaskazini ya mji wa Tanga, jiwe la msingi la bomba la mafuta ghafi linalotoka Hoima, Uganda, lenye urefu wa kilometa 1,443, ambalo njia yake katika Mkoa wa Tanga inapita pia wilayani Muheza. Kamera zimekwisha kurudi, safari hii zikiruka angani, na sauti inayoandamana nazo tunaijua: ardhi imetwaliwa, fidia imelipwa, vijana wanapatiwa ajira. Mwanafunzi mmoja wa Kiswahili mwenye kinasa sauti, akiketi leo barazani kwa mtu ambaye mkuza wa bomba umepita shambani mwake, anaweza kupata sentensi inayofuata wakati filamu yenyewe bado ni mpya.